Saa moja iliyozama ziwani

Kibanda changu cha simu kiko Mwanga ya hapa Kigoma mjini, na jirani yangu wa ukuta, ukuta wenyewe mbao tu tunasikilizana hadi kikohozi, ni mzee mmoja fundi saa. Jina simtaji, hajui kama naandika haya na akijua ataniambia nimekosea sehemu tatu. Ukutani kwake kuna saa mbili zinatembea. Moja ya hapa, nyingine iko nyuma kwa saa nzima kamili, na kila mteja mgeni lazima aulize mzee hii mbona mbovu, na yeye bila kutoa ile lenzi jichoni anajibu, "Hiyo ya Kalemie." Basi. Wengi wanachukua saa zao wanaondoka. Mimi nikauliza swali la pili, na hilo swali la pili limenila karibu mwaka mzima na bando lisilo na hesabu.

Kwa asiyejua, sisi huku mwisho wa reli tunatumia saa moja na Dar, masaa matatu mbele ya Greenwich, ila Burundi na Kongo ya upande huu wao wako masaa mawili. Kwa hiyo saa nne ya Kalemie, mji wa Kongo ng'ambo ya ziwa, huku tayari ni saa tano. Ukivuka ziwa kuja Kigoma umepigwa saa moja, ukirudi unarudishiwa, wafanyabiashara wanajua, wavuvi wanajua, hakuna anayelala macho wazi kwa ajili ya hilo. Mzee ndo analala macho wazi. Yeye alivuka akiwa kijana, akaoa huku, akazeeka huku, hajawahi kurudi, na kwa hesabu yake kuna saa yake moja hajarudishiwa mpaka leo.

"Sasa iko wapi?" ananiuliza, na mimi hapo nimeshika simu ya mtu imeingia mawese, sijui hata naanzia wapi.

"Haiko popote Mzee. Ni makubaliano tu ya serikali."

"Serikali inakubaliana habari ya mpaka. Muda unaijua serikali? Kitu ulikuwa nacho ng'ambo, umefika huku huna, kimedondoka njiani. Na njiani kuna nini?"

Njiani kuna ziwa. Ndo hapo nadharia ilipoanzia.

Naieleza kama anavyoieleza yeye nikipunguza kidogo maana akianza hafungi duka. Muda unatiririka kama maji, na kitu kinachotiririka kinafuata bonde, na bonde kubwa kuliko yote huku kwetu ni hili hapa mbele yetu. Tanganyika penye kina kirefu kabisa ni mita 1,470, duniani linazidiwa na Baikal tu, na sakafu yake iko chini hata ya usawa wa bahari ya Dar. Sasa muda ukifika ukingoni haunyooki, unakunja. Yeye anauita mkunjo. Uzito wote ule wa maji unaukandamiza, huku juu unakwenda mwendo wake wa kawaida, katikati unaanza kuburuza miguu, chini kabisa unakaribia kulala. Kila anayevuka kutoka Kongo anaangusha saa moja kwenye mkunjo nayo inazama. Haipotei. "Muda haupotei," kidole juu kama mwalimu, "unakunjwa tu." Na kwa vile ziwa lina mlango mmoja wa kutokea maji, mto Lukuga, na Lukuga unatokea palepale Kalemie unaingia Kongo, basi zile saa zinavuja kidogo kidogo zinarudi kwao, ndo maana wao wanayo na sisi hatuna.

Hapo kwenye Lukuga nilicheka mpaka mteja akachungulia. Mi nilisoma PCM jamani, hadi form six, fizikia nilipata C ya jasho, nikaona huyu mzee nitamnyoosha kwa dakika tano. Nikamwambia muda sio maji. Akaniuliza kwani ni nini. Nikafungua mdomo nikaufunga.

Na mzee ana ushahidi, sio wa kubahatisha. Wa kwanza ni Liemba. Ile meli Wajerumani waliiunda kwao Papenburg mwaka 1913, wakaifungua vipande wakaipakia kwenye masanduku kama 5,000, reli ikawa ndo imefika Kigoma 1914, wakaiunganisha hapa ikashushwa majini Februari 1915 ikiitwa Graf von Götzen. Mwaka uliofuata vita vikawazidi, wakaizamisha wenyewe Julai 1916 Wabelgiji wasije wakaipata. Waingereza wakaiopoa 1924, na 1927 ikaanza kazi kwa jina la Liemba, na injini ilikuwa nzima. Nzima! Mzee anasema chuma kikae majini miaka minane kitoke kizima inawezekanaje kama sio kwamba kule chini muda haujakifikia, kwa meli ilikuwa kama imelala mchana ikaamka jioni. Nikamwambia wale mafundi kabla ya kuizamisha waliipaka injini grisi nzito, hiyo imeandikwa kila mahali. Akasema grisi anaijua, yeye ni fundi, saa yenyewe ina mafuta, "na mafuta yangu hayakai miaka minane."

Wa pili ndo ulinikuta vibaya maana mimi ni mtoto wa Ujiji, pale kwenye mwembe wa Livingstone nimecheza sana. Wote tumekaririshwa Stanley alimkuta Livingstone Ujiji 1871. Tarehe je? Stanley anasema 10 Novemba. Daftari la Livingstone mwenyewe linaweka mwishoni mwa Oktoba. Watu wawili wanapeana mkono, mguu kwa mguu, na kila mmoja yuko kwenye tarehe yake, tofauti ni karibu wiki mbili! Mzee akaniangalia tu akatulia. Najua walichanganya hesabu kwa homa na safari, ukiugua porini siku zinaruka hujui umelala mara ngapi, lakini jibu lenyewe ukilisikiliza vizuri halitofautiani sana na la mzee, si ndo muda uliwapotea njiani?

Wa tatu ni maji yenyewe. Kule chini ya mita mia mbili hivi maji hayana oksijeni, hayachanganyiki na ya juu, samaki wote mgebuka kuhe dagaa wako ghorofa ya juu tu, chini hakuna wa kuvua. Ziwa lina umri wa miaka kama milioni 9 mpaka 12 na yale maji ya chini yamekaa pale mamia ya miaka bila kupanda. Hiyo ni sayansi kabisa, wanaiandika watafiti. Mzee aliisikia redioni akapiga meza.

Sasa hapa nitoke kidogo nje ya mada. Habari ya saa za Kigoma kukunjwa mimi nilishaionja nikiwa mdogo, nilikuwa tu sijaipa jina. Ramadhani, mimi nina miaka kama tisa, kufunga kwa kwanza kwa maana halisi, nimekaa na redio ya bibi, adhana ya magharibi ikalia kutoka Dar nikaikamata tende. Sijaifikisha mdomoni nikala kofi la mkono. "Hiyo ya Dar! Jua letu hulioni?" Nikaangalia nje, jua lipo, tena linachoma! Dakika arobaini nilizongoja siku ile ndo ndefu kuliko zote nilizoishi, na mtu asiniambie muda hauburuzi miguu. Baadaye shuleni nikaja kuelewa kwamba dunia inazunguka nyuzi 15 kwa saa, Dar iko nyuzi 39 mashariki sisi tuko karibu 30, nyuzi tisa na kitu ukizibadilisha ni dakika 39 hivi. Na ukweli wenyewe kama saa ingefuata jua sisi tungekuwa saa moja na Burundi na Kalemie, sio na Dar. Saa yetu ya Kiswahili inaanzia jua linapochomoza, jua likiwa utosini ni saa sita. Kigoma jua linafika utosini saa saba. Tumeazima saa ya pwani tunatembea nayo kama shati la kaka mkubwa.

Kwa hiyo ukiuliza saa moja ya mzee iko wapi, jibu la kwanza sahihi ni kwamba iko mezani kwa waliochora majira. Lakini jaribu kumwambia hivyo mtu aliyevuka.

Tena mwaka jana nikala hasara mwenyewe. Nimekwenda Manyovu mpakani kuchukua mzigo wa makava, gari ya kurudi inaondoka saa tisa, naangalia simu saa nane na robo, nikaagiza chai, nikaagiza na chapati, nikajinyoosha. Kumbe simu imeshika mnara wa Burundi ikajirudisha nyuma yenyewe. Gari ilishaondoka zamani. Mimi fundi simu! Nililala Manyovu kwenye gesti ina kitanda kimoja na kunguni wengi, na niliporudi mzee hakunipa hata pole, alisema, "Na wewe umeangusha yako."

Ndo nikakubali jaribio. Wazo lilikuwa lake siku nyingi, kuzamisha saa ziwani na kuangalia itarudi imechelewa kiasi gani. Mimi nikaongeza kitu kimoja cha kisomi, kwamba lazima ziwe saa mbili, moja inazama moja inabaki kwenye mtumbwi, vinginevyo utalinganisha na nini. Mzee akapenda sana hilo. Akachukua saa mbili za kujaza ambazo wenyewe hawajazifuata tangu enzi, akakaa nazo siku nne anazisuka ziende sawa, akafika mahali zinaachana sekunde nne kwa siku, akasema kwa saa za umri ule hiyo ni ndoa nzuri.

Tukasubiri mbalamwezi, maana usiku wa giza mitumbwi yote Kibirizi iko kazini na taa zao, mwezi ukiwa mkubwa dagaa hawafuati taa kwa hiyo watu wanapumzika, na mtumbwi unaupata kwa bei ya kirafiki. Mshkaji mmoja akatutoa asubuhi. Saa tukaiweka kwenye chupa ya siagi ya karanga, mfuniko tukaubana, tukazungushia mpira wa tyubu ya baiskeli, jiwe, kamba ya nailoni pima hamsini, yaani kama mita tisini. Mshkaji anatuangalia kama watu tunaofanya mambo ya usiku mchana. Saa nne na dakika kumi chupa ikashuka. Mzee alishika kamba mwenyewe, hakuniachia, na saa nzima hakuongea, alikuwa anaangalia ng'ambo ambako siku hiyo milima ya Kongo ilionekana vizuri.

Tukavuta. Chupa imejaa maji hadi shingoni. Saa imesimama saa nne na dakika kumi na mbili.

"Unaona?" mzee sauti inatetemeka kabisa. "Muda umesimama."

"Mzee. Maji yameingia."

"Maji yameingia," akasema, "na muda umesimama."

Bishana na huyo. Kila mita kumi unazoshuka zinaongeza mzigo sawa na hewa yote iliyo juu yetu, kwa mita tisini ule mfuniko ulikuwa unabanwa kama mara kumi ya kawaida, siagi ya karanga haikutengenezwa kwa ajili hiyo. Mshkaji alicheka hadi akaacha kasia.

Ila niliporudi nyumbani usingizi haukuja. Nilitaka nimpigie hesabu kabisa nimwoneshe kwamba mkunjo haupo, tufunge stori. Na hapa ndo nikajikuta pabaya, kwa sababu mkunjo upo.

Tulipitishwa juu juu shuleni, rilativiti ya Einstein, swali la maksi mbili. Novemba 1915, mwaka uleule meli inashushwa Kigoma, yeye yuko Berlin anatoa hesabu zake kwamba kitu kizito kinakunja nafasi na muda vyote viwili, na kadiri ulivyo karibu na hicho kitu kizito ndivyo saa yako inavyokwenda polepole. Kitu kizito kwetu ni dunia. Kwa hiyo aliye chini bondeni saa yake inakwenda taratibu kuliko aliye juu mlimani. Sio kwamba saa ni mbovu. Muda wenyewe. Na imepimwa: Oktoba 1971, miaka mia kamili baada ya wale wawili kupeana mkono Ujiji, Wamarekani Hafele na Keating walipanda ndege za abiria na saa nne za atomi wakaizunguka dunia, kwanza kuelekea mashariki kisha magharibi. Hapo mkunjo ulichanganyika na mwendo wa ndege, ila saa zilirudi zimeachana na zilizobaki nyumbani, za mashariki zimechelewa nanosekunde kama 59, za magharibi zimetangulia 273, na nanosekunde ni sekunde moja gawanya kwa bilioni. Mwaka 2010 Wamarekani wengine wakainua saa sentimita 33 tu, urefu wa ngazi mbili za nyumba, wakaona tofauti. Hata hii GPS inayomleta bodaboda mlangoni kwako, saa zilizoko kule juu kwenye setilaiti zinakimbia kuliko za huku chini kwa maikrosekunde 38 kila siku, inabidi zirekebishwe, zikiachwa ramani inakosea zaidi ya kilometa kumi kwa siku moja. Wewe uko Gungu inakuweka katikati ya ziwa.

Nikachukua karatasi. Kila mita moja unayoshuka, muda unapungua mwendo kwa sehemu moja hivi katika milioni kumi za bilioni, sufuri kumi na sita. Jaribio letu la pima hamsini kwa saa moja: ukiikata sekunde moja vipande trilioni, sisi tulikuwa tunatafuta vipande kama 35, kwa saa zinazoachana sekunde nne kwa siku. Nilicheka peke yangu chumbani. Kisha nikafanya ya chini kabisa. Mita 1,470, mwaka mmoja, maikrosekunde tano. Ni kidogo sana. Lakini ziwa halina mwaka mmoja. Nikaweka miaka milioni kumi.

Sekunde hamsini.

Nikarudia mara tatu nikidhani nimekosea sufuri. Sakafu ya Tanganyika, tangu ziwa liwepo na kama kina kingekuwa hiki muda wote, imebaki nyuma ya uso wa maji kwa sekunde hamsini hivi. Mzee alikuwa amekosea karibu kila kitu. Sio uzito wa maji, ungechimba shimo kavu la kina hicho ingekuwa vilevile. Sio saa nzima. Lukuga haihusiki kabisa. Na imani yake kwamba sisi wa ziwani tunazeeka taratibu iko kinyume, Kigoma tuko mita 773 juu ya bahari, kwa hiyo mtu wa Dar ndo anazeeka polepole kuliko sisi, kwa maikrosekunde karibu tatu kwa mwaka, wabaki nazo. Lakini kwamba kule chini muda unaburuza miguu, hilo alilisema mtu aliyeishia darasa la saba, kwa kuangalia maji tu, na mimi na C yangu nilimcheka.

Nilikwenda asubuhi mapema kabla hajafungua. Shikamoo, marahaba, nikamkalisha, nikamwelezea yote na karatasi. Zile sehemu alizokosea alizisikiliza kama mtu anayesomewa bili ya maji. Tulipofika kwenye sekunde hamsini akatoa lenzi jichoni.

"Kwa miaka milioni kumi?"

"Milioni kumi Mzee. Ni kidogo sana, najua ulitaka saa nzima."

"Kidogo?" akaniangalia kwa huruma. "Fundi, mimi nasuka saa ipotee sekunde nne kwa siku, watu wananilipa na asante juu. Wewe unaniambia kuna kitu kinapoteza sekunde hamsini kwa miaka milioni kumi, halafu unasema kidogo? Huyo aliyeisuka ni nani?"

Sikuwa na jibu la hiyo, na wateja wakaanza kufika.

Kuhusu saa yake moja hatujaongea tena. Nilitegemea ataendelea kuidai, hajaidai. Ila Jumatatu nimefungua kibanda nimekuta upande wa pili anagongelea msumari, nikachungulia, kuna saa ya tatu ukutani, ndogo, ya betri, ya Kichina ile ya elfu tano, chini ya ile ya Kalemie. Nikaikodolea macho. Ilikuwa sawa na ya hapa isipokuwa mshale mwembamba uko nyuma. Nikahesabu. Mama mmoja mwenye ndoo ya dagaa alikuwa amesimama anangojea mkanda wa saa yake, naye akaikodolea.

"Babu, na hii nayo mbona iko nyuma kidogo?"

"Hiyo ya chini," mzee akasema.

Ni saa ya bei rahisi lakini, inakimbia. Ilipofika Ijumaa ilishaipita ya hapa kwa nusu dakika nzima, na mpaka naandika hii hajaigusa.